Mlango Uliotoka Msangano

Scola alikuwa amefika kwenye mlango wa saba. Alichovya brashi kwenye kopo la oili chafu, akapaka ukingo wa chini, mbele kwanza halafu nyuma, akahakikisha oili imeingia kwenye nyufa, maana mchwa wa uani pale hawakuchagua mbao. Milango kumi na moja ilikuwa imeegemezwa kwenye ukuta wa nyumba ya kikundi, imewekewa matofali chini, na kila mmoja ulikuwa na namba ya chaki. Kazi hiyo ilifanywa kila Alhamisi. Oili walipewa bure na mafundi wa malori wa ng'ambo ya barabara.

Mlango wa kumi na mbili ulifika saa nne asubuhi, Scola akiwa bado kwenye ule wa saba.

Ulikuja kama ilivyokuja mingine yote: kona moja mbele, halafu kona ya pili, kama watu wawili wanavyohamisha kabati, isipokuwa watu wenyewe hawakuwepo. Ulipita kati ya malori yaliyopanga foleni ya kuvuka kwenda Zambia. Dereva mmoja aliyekuwa akipiga mswaki kwenye ngazi ya lori lake alikunja miguu ili upite. Akatema povu.

"Mulishani," akausalimu, kisha akaendelea na meno yake.

"Scola, tuna mgeni," Ferista akasema kutoka jikoni.

"Nimemwona, mama."

"Wa nani?"

"Una udongo mweusi mpaka kiunoni. Utakuwa wa huyu wa Msangano."

Wa Msangano aliitwa Justina. Alikuwa amefika Jumanne juu ya lori la mpunga, akiwa na kanga mbili na jicho moja lisilofunguka. Mumewe, Mabula, alifuga ng'ombe huko bondeni na alikuwa mtu wa kuheshimika. Mlango ulikuwa umetembea siku mbili kumfuata. Ulikuwa wa mninga, mpana, wenye bawaba za kufuliwa na fundi. Mingine yote ilipofika uani ilijiegemeza ukutani na kutulia. Huu ulisimama wima katikati ya uwanja, bila kuegemea kitu, mpaka Justina alipotoka chooni. Hapo ukasogea, ukasimama nyuma yake.

"Umekuja," Justina akasema, kwa sauti ya mtu aliyeletewa deni la jirani.

Hii ilikuwa mwaka 2013. Ferista, mjane aliyewahi kuuza mchele sokoni, alikuwa ameifungua nyumba ile miaka minne kabla, vyumba vitatu na jiko, na wanawake wenzake wa kikundi walichangia magodoro. Scola alikuwa msaidizi wa kisheria. Alipata mafunzo ya siku kumi Mbeya, akarudi na cheti, kalamu mbili na daftari kubwa lenye safu zilizochapwa. Yeye ndiye aliyewapokea wanawake, akawaandika, akawasindikiza kituo cha polisi.

Katika miaka hiyo minne wanawake zaidi ya mia walipita pale. Milango iliyowafuata ilikuwa kumi na miwili tu. Hakuna aliyejua kwa nini mmoja anafuatwa na mwenzake hafuatwi. Kuna aliyevunjwa taya na mlango wake ukabaki kwenye fremu huko Isongole kana kwamba hayakuuhusu. Kuna aliyemwagiwa uji, na mlango ukamtangulia kufika.

Ila kituoni jambo hilo lilikuwa limeshaingia kwenye utaratibu. Askari wa dawati la jinsia, dada mpole mwenye mwandiko mzuri, alikuwa na swali moja kabla ya mengine yote.

"Mlango umekuja?"

Kama umekuja, fomu ya PF3 ilijazwa papo hapo na mama akaenda kutibiwa. Kama haujaja, mama alioneshwa benchi, akaombwa akae afikirie vizuri, pengine ni mambo ya kusameheana. Scola alikwisha kukaa kwenye benchi hilo na wanawake wengi. Aliujua msumari wake uliochomoza.

Justina hakukaa hata dakika. Mlango wake ulimsubiri nje ya kituo, chini ya jua, na askari mmoja aliyekuwa zamu akakitumia kivuli chake.

Njiani wakirudi, Scola aliona kitu kimemkaa kooni. Alidhani ni vumbi la malori, akanywa maji. Hakikushuka.

Osward, mume wa Scola, hakuwa mtu wa fimbo. Alikuwa wakala wa forodha hapo mpakani, alivaa shati jeupe na kuimba besi kwaya ya kanisa. Alipenda kuuliza. Aliuliza umetoka wapi, umepita njia gani, nani alikuwa amesimama pale kwenye duka la vocha. Alikuwa amepima kwa miguu yake mwenyewe kutoka nyumba ya kikundi hadi kwao, akapata dakika ishirini na mbili kwa mwendo wa mwanamke. Scola akifika kwa dakika thelathini, Osward hakupiga kelele. Alikaa kimya hadi chakula kikapoa, na akishaanza yeye kula ndipo Scola naye aliruhusiwa.

Mwaka juzi alimkuta akicheka na muuza maziwa barazani. Muuza maziwa alipoondoka, Osward aliushika mkono wa kushoto wa Scola, akaviweka vidole kwenye upenyo wa bawaba za mlango wa mbele, akaufunga mlango polepole, kama mtu anayeogopa kumwamsha mtoto. Kidole cha mwisho hakikunyooka tena. Kanisani Scola alisema alibanwa na mlango, na hilo lilikuwa kweli.

Kwa hiyo mlango ulikuwepo. Hilo ndilo lililomkera. Milango ya wenzake ilisikia tu makelele ya ndani ikiwa imegeuzia uso nje. Wake ulikuwa shahidi, na zaidi ya shahidi. Na bado kila jioni aliukuta palepale, una rangi ya kijani, umefutwa vumbi, umetulia kama mzee wa kanisa. Miaka miwili alikuwa akitoka asubuhi akigeuka mara moja kwenye kona nyembamba ya mtaa wao, aone kama unakuja. Haukuja. Scola alihitimisha kwamba pengine lililompata yeye halina jina.

Justina alikaa wiki tatu. Mlango ulimfuata bombani na kumsubiri kwenye foleni ya ndoo. Akianika nguo ulimkinga upepo. Akikaa kuchambua mchele ulihama polepole kadiri jua lilivyohama, ili kivuli kisimwache. Wanawake wengine walikwisha kuzoea milango, lakini wa namna hii walikuwa hawajauona.

"Huyo umemlisha nini?" Irene, aliyelala chumba cha pili, alimtania. "Wangu tangu ufike umelala ukutani kama baba yake."

"Mchukue."

"Atanikubali?"

"Mpe ubwabwa."

Wakacheka. Scola alikuwa mezani anapiga mistari kwenye daftari, hakucheka. Alianza kumuuliza Justina maswali yaliyokwisha kuulizwa. Alikuumiza mkono upi? Ulikuwa umesimama wapi? Mlango ulikuwa wazi au umefungwa? Kwa nini uende bombani saa hizi? Justina alijibu yote kwa adabu, akimwita dada, na kila jibu lilimzidishia Scola kile kitu cha kooni. Siku moja aliisikia sauti yake mwenyewe ikisema, "Umechukua nusu saa. Bomba liko hapo tu." Aliitambua sauti hiyo ni ya nani, akanyamaza, kisha baadaye akauliza tena.

"Dada Scola," Justina alimwambia mchana huo wakimenya viazi, "mimi ningeambiwa nichague, ningeuacha hukohuko. Nimekimbia nyumba, nyumba inanifuata. Nikifumba macho naisikia inavyolia ile bawaba. Bawaba ileile."

"Kuna watu wanautafuta huo," Scola akasema.

"Wauchukue basi."

"Unasema kwa sababu unao."

Justina akamtazama kwa jicho lake zima, halafu kwa lile lililoanza kufunguka. Alikitazama na kidole cha mwisho cha mkono wa Scola ulioshika kiazi. Akasogeza beseni katikati ili Scola asinyooshe mkono sana. Scola angependelea atukanwe.

Jioni ile Scola alifungua daftari amalizie ukurasa wa Justina. Safu zilikuwa hizi: jina, umri, alikotoka, alichofanyiwa, vitu alivyokuja navyo, mwenye vitu. Hizo safu mbili za mwisho ziliwekwa na shirika lililotoa daftari, kwa sababu huko lilikotoka, wanawake walikimbia na mabegi. Kwenye vitu, Scola aliandika kama kawaida: kanga mbili, mlango mmoja wa mninga. Safu ya mwenye vitu, kwa milango, Ferista alikwisha kuwakataza kuijaza tangu mlango wa kwanza.

"Mkiandika ni wa mwanamke, wataweka wakili," alisema wakati ule. "Mkiandika ni wa mwanamume, atakuja kuuchukua. Acheni patupu. Mahali patupu hapamuumi mtu."

Kurasa kumi na moja zilikuwa na nafasi tupu. Scola alishika kalamu juu ya ukurasa wa kumi na mbili kwa muda ambao, baadaye, alijaribu kuukadiria na hakuweza. Kisha akaandika kwa mwandiko wake wa cheti: *Mabula, wa Msangano.* Alipuliza wino ukauke, akafunga daftari, akafika nyumbani kwa dakika ishirini na moja.

Mabula alikuja Jumatatu iliyofuata akiwa na Watson, mtendaji wa mtaa. Alikuwa mtu mrefu, mtaratibu, amevaa kofia ya turubai, na aliwasalimu wote mmoja mmoja. Hakumuulizia mke.

"Mwangaluka," alimwambia Justina, kama mtu anavyomsalimu mtu wa foleni.

"Mwangaluka," Justina akajibu. Mlango ulikuwa nyuma yake.

Watson aliomba kiti, akaeleza. Mzee huyu hakuja kwa ugomvi. Suala la mke lina ngazi zake: kuna wazazi, kuna kanisa, kuna dawati. Yeye amekuja kwa suala la mlango. Nyumba yake imekuwa wazi tangu mwezi uliopita. Mbuzi wanaingia chumbani. Majirani wanapita wanachungulia wanamcheka. Ameweka turubai, upepo umelichukua.

"Nina ng'ombe tisini," Mabula akasema taratibu, "nalala kama mtu wa stendi."

"Weka mlango mwingine, baba," Ferista akasema. "Mbao zipo."

"Nimeweka miwili. Haikai. Fremu inaitema."

Watson akatikisa kichwa kwa huruma. "Mama Ferista, mimi nitauliza moja tu. Mna kumbukumbu ya maandishi? Maana kama mlango hauna mwenyewe, mimi sina la kuamua. Ninarudi ofisini."

Ferista akamwambia Scola alete daftari. Alisema hivyo bila wasiwasi, kwa sababu aliijua ile safu. Scola alilileta. Angeweza kusema limepotea. Angeweza kusema shirika limelichukua kukagua. Yote hayo aliyafikiria kati ya kabati na meza, ambapo ni hatua nne, akaliweka mezani.

Watson alivaa miwani, akapitisha kidole, akasoma kwa sauti. Ferista aliinama akasoma mwenyewe, kisha akasoma tena. Hakumtazama Scola. Alikaa chini.

"Basi shauri ni jepesi," Watson akasema. "Mzee, chukua mali yako."

Mabula alikuwa amekuja na vijana wanne na gari la kukodi. Walijaribu kuuinua. Waliusukuma, wakauzungushia kamba, wakaomba na wapagazi wa malori waje kusaidia. Mlango haukusogea, ingawa haukuwa umeshikwa na kitu chochote. Watson alilitazama hilo bila mshangao, akaandika kwenye karatasi yake kwamba mali imeshindikana kuhamishwa pasipo mhusika.

"Mhusika ni nani?" Ferista akauliza.

"Yule ambaye mlango unamfuata."

Foleni ya malori ilisogea gari moja, ikasimama.

"Haendi," Ferista akasema. "Ana PF3, ana shauri kituoni. Anakwenda wapi?"

"Hakuna aliyesema aende, mama. Asindikize tu. Akishaufikisha mlango, arudi. Kwani nani amemfunga?"

Justina alifunga kanga ya pili kiunoni. Alimgeukia Scola, kwa sababu hakujua kusoma.

"Umeandika nini hapo, dada?"

"Jina."

"La nani?"

"La mume wako."

Justina alilipokea jibu hilo kama alivyopokea mengine pale ndani, sahani, godoro, sabuni. "Haya," akasema. "Asante kwa kunipokea." Akaanza kutembea kuelekea kwenye gari, na mlango ukamfuata mwepesi, kona hii, kona ile. Ulijipandisha wenyewe kwenye bodi. Mabula alimpa mkewe mkono apande, akamshukuru Watson, akamshukuru Ferista, akavua kofia.

Usiku ule Scola alilala vizuri. Hilo lilimsumbua kuliko kama angekosa usingizi. Kile kitu cha kooni kilikuwa kimeshuka, naye alikula ugali wote, hadi Osward akamuuliza ana furaha gani.

Ferista alikwenda kituoni siku ya pili. Dada mwenye mwandiko mzuri alifungua jalada, akasikitika kwa dhati, akamwonesha ukurasa. Mlango umerudi nyumbani. Kwa utaratibu wao, mlango ukirudi shauri limekwisha.

Kwa siku kadhaa Ferista hakumwambia Scola lolote ila la kazi. Kisha Alhamisi, wakiwa wawili uani na makopo ya oili, akasema bila kuinua macho:

"Scola, na wewe tukuandike?"

Scola aliendelea kupaka. "Mlango wangu haujaja."

"Sikuuliza mlango."

Brashi ilikuwa imekauka. Scola aliichovya, akapaka mahali palepale alipokwisha kupaka. Ferista alingoja kwa muda, kama alivyowangoja wanawake waliotoka kwenye benchi la kituoni, halafu akahamia upande wake wa ukuta.

"Nafasi ipo," akasema akiwa amempa mgongo. "Godoro lile la dirishani."

Siku kumi na nne baada ya Justina kuondoka, saa kumi na nusu alasiri, mlango wa mninga ulirudi. Ulikuja peke yake. Ferista alitoka barabarani akatazama mpaka mwisho wa foleni ya malori, akamuuliza dereva mmoja baada ya mwingine kama wameona mwanamke nyuma yake, mrefu, kanga ya njano. Walisema wameona mlango tu. Ulikuwa unakwenda mbio, mmoja akaongeza, una haraka kama mtu aliyetumwa.

Haikuwahi kutokea. Siku zote mlango ulimfuata mtu. Huu haukuwa na wa kumfuata. Ulisimama katikati ya uwanja, ukageukia upande wa barabara iendayo Chitete na Msangano, na haukutaka kuegemea ukuta.

Ferista alijifunga kitambaa, akaenda kituoni karibu kwa kukimbia. Alirudi baada ya nusu saa. Gari lipo, alisema, mafuta hayapo, wameahidi asubuhi. Basi la Msangano limeshaondoka. Amempata mwenye pikipiki ila anakataa kushuka mlima wa kwenda bondeni giza likiingia. Saa kumi na moja alfajiri mwenye pikipiki atakuja, naye Ferista atakwenda, polisi waje au wasije.

"Nakwenda na wewe, mama," Scola akasema.

"Osward?"

Scola alichota maji kwenye ndoo, akachukua gunzi na sabuni, akaanza kuuosha mlango. Hakuagizwa. Alianzia chini, ambako udongo mweusi wa mbuga ulikuwa umekauka na kupasuka kama ukoko. Aliutoa kwa vidole, akamwagia maji, akasugua. Maji yalikuwa meusi, kisha ya kahawia. Alibadilisha ndoo mara mbili. Alifika kwenye magoti, akafika kwenye kiuno, na hapo gunzi likagonga chuma.

Lilikuwa komeo jipya, limepigwa misumari upande wa nje. Fundi wa mwanzo hakuliweka. Mbao zilikuwa bado nyeupe kuzunguka misumari. Kwenye komeo palikuwa na kufuli kubwa la rangi ya shaba, na kufuli lilikuwa limefungwa. Pete ya fremu ilikuwa imeng'oka na kuja nalo, pamoja na kipande cha mbao cha urefu wa kiganja.

Scola alilivuta kufuli. Lilikuwa limefungwa kweli. Alikwenda upande wa pili wa mlango, ule ambao huwa ndani, akautazama kuanzia juu hadi chini. Haukuwa na udongo. Ulikuwa mkavu na msafi, na katikati palikuwa na mahali pamoja palipong'aa, ukubwa wa bega la mtu.

Akasimama pale. Aliona Ferista anamtazama kutoka jikoni na akajua anachotazamia kuona usoni mwake. Hofu na majuto na mengine yote yalikuwepo, na Scola hakuyaficha. Lakini chini kabisa, pembeni ya hayo yote, aligundua kwamba wivu nao ulikuwa umekuja. Huu mlango ulikuwa umeng'oa fremu. Alingoja wivu uondoke. Ulipungua, haukuondoka.

Saa ya ukutani jikoni ilisema kumi na mbili kasoro dakika ishirini na tano. Ili afike nyumbani saa kumi na mbili kamili, kama Osward alivyotaka, alikuwa na dakika tatu za ziada. Alizitumia kusugua kuzunguka kufuli, kwenye kona ambazo gunzi halifiki, kwa kidole kile kisichonyooka, ambacho kwa kazi hiyo kilifaa.

Nusu ya juu ilibaki na udongo. Aliiacha ndoo chini ya mlango, akaweka sabuni juu ya tofali isiyeyuke, akanawa mikono.

"Alfajiri," akamwambia Ferista.

"Nitakuona."

Scola akatoka, akavuka barabara mbele ya malori, akaanza kutembea kwa mwendo wa haraka kuelekea kwao.